Hata Kiti Kisilie

Mtoto alikuwa bado ananing'inia kwenye mizani simu ilipolia. Mama Mizani hakuipokea. Alisubiri mshale utulie, akasoma kilo nane na robo tatu, akaandika kwenye kadi, kisha akamchomoa mtoto kwenye kaptula ya kupimia na kumrudisha kwa mama yake. Miaka ishirini na miwili ya kazi ya zahanati ilimfundisha kwamba mtoto akishaning'inizwa haachwi, hata kama paa linaungua. Ndipo akafuta mikono kwenye koti lake jeupe na kutazama simu. Alikuwa wifi yake, mke wa kaka yake mkubwa.

"Wifi," sauti ilisema, halafu ikakatika kidogo. "Umekaa?"

"Nimesimama. Sema tu."

"Ametutoka. Sasa hivi, saa tatu kasoro. Alikunywa chai nusu kikombe, akasema anapumzika kidogo."

Mama Mizani alishika mlingoti wa mizani. Neno la kwanza lililomtoka lilikuwa, "Ahsante, Mungu, kwa muda uliotupa." Wifi yake pengine alidhani mwenzake amechanganyikiwa. Hakuwa amechanganyikiwa. Baba yao alichukuliwa nyumbani mwaka wa pili wa vita, akiwa na kiatu kimoja mguuni, na mpaka leo hakuna ajuaye alikolala. Kaka mtu amekufa kitandani kwake, mke akiwa pembeni na kikombe cha chai mezani. Kwa familia ile hilo halikuwa jambo dogo, na aliona kumlaumu Mungu kabla ya kumshukuru ni utovu wa adabu.

Foleni ilikuwa na watoto kumi na mmoja. Aliwapima wote. Alipomaliza akaketi kwenye benchi, akafungua mkoba wake na kuhakikisha kuwa bahasha ndogo ya kaki bado iko mahali pake, kati ya kitabu cha nyimbo za kanisani na leso. Ilikuwa Jumanne. Bahasha ile ilikuwa iende kwa mwenyewe Alhamisi, na kaka yake alikuwa amemwambia, "Ukifikisha, njoo uniambie." Hapo ndipo machozi yalipomtoka.

Kaka yake watu walimwita Kimya. Jina hilo hakupewa na wazazi, na nyumbani lilichekesha kila mtu, maana mezani alikuwa na maneno kuliko redio. Alilipata kazini. Alikuwa mnasa sauti wa filamu, zile filamu za mambo ya kweli ambamo watu husimulia yaliyowapata. Mpiga picha alibeba kamera, yeye alibeba kinasa sauti begani na kipaza sauti kwenye fimbo ndefu, na kila mazungumzo yalipokwisha, watu wakianza kuinuka na kunyoosha migongo, yeye alinyanyua kidole kimoja.

"Naomba dakika moja. Hata kiti kisilie."

Basi wote waliganda walivyo. Mwenye nyumba, mpiga picha, mwongozaji, hata mtoto aliyechungulia mlangoni. Dakika ikipita, Kimya alishusha kidole na kusema, "Ahsanteni kwa chumba." Alieleza kwamba kila chumba kina ukimya wake. Kuna chumba chenye jokofu linalonguruma, chenye dirisha linalopitisha upepo, chenye saa ya ukutani. Maneno ya mtu yakikatwa na kuunganishwa kwenye filamu panabaki pengo, na pengo hilo huzibwa kwa ukimya wa chumba kilekile, kama fundi cherehani anavyotia kiraka cha kitambaa kilekile ili kisionekane. Wenzake walimtania kwamba kimya kingi kina mshindo mkubwa, na yeye alijibu kwamba mshindo huo ndio unaomlisha.

Wifi alipenda kusimulia siku aliyochumbiwa. "Jamaa kamaliza maneno yote matamu, nami nimeshalainika kama siagi juani. Mara kanyanyua kidole. Nikadhani anasali. Kumbe anasikiliza feni."

"Lilikuwa feni zuri," Kimya alisema kila mara.

Vita vilipokwisha na mahakama ya uhalifu wa kivita ikaanza vikao katika jengo lililokuwa posta kuu, mwongozaji mmoja mwanamke, ambaye wote walimwita Bosi, aliamua kutengeneza filamu juu ya kesi zile. Akamchukua Kimya. Kazi ilichukua miaka minne. Jumapili, baada ya ibada, Kimya alikuja kula kwa dada yake, na hakuwahi kumsimulia ya kutisha. Alimsimulia sauti. Alimwambia habari za wakalimani katika kibanda chao cha vioo, na mmoja wao ambaye sauti yake haikutetemeka hata siku moja ila alimaliza jagi zima la maji kila kikao. Alimwambia habari za kamanda aliyeshtakiwa, aliyekuwa akifungua na kufunga kalamu yake, ka, ka, ka, mchana kutwa.

"Akitajiwa kijiji, anaendelea tu. Akitajiwa mtoto kwa jina, kalamu inasimama," alisema Kimya. "Majaji wanamtazama usoni. Mimi namsikiliza kidole gumba."

Miongoni mwa mashahidi kulikuwa na mama mmoja aliyesimulia mahakamani akiwa nyuma ya pazia. Baadaye alikubali kuzungumza na watu wa filamu nyumbani kwake, kwa sharti moja tu, kwamba asijulikane. Waliokuwa askari wa kamanda yule walikuwa wamerudi uraiani na walikaa mtaa mmoja naye. Walichota maji naye. Mmoja wao ndiye aliyemrekebishia mlango. Wakijua kuwa yeye ndiye aliyesema, hakuna polisi ambaye angewahi kufika.

Kimya aliifanya kazi ile kwa moyo wote. Sura ya mama haikupigwa picha kabisa, ni mikono yake tu juu ya magoti. Sauti yake aliipitisha kwenye mashine mpaka ikawa nzito na ngeni. Kisha, kwa kuwa sauti iliyobadilishwa hubaki kavu, kama inatoka kwenye pipa tupu, akachukua ile dakika yake moja aliyoinasa chumbani mle na kuitandaza chini ya maneno yote. Filamu ikawa laini.

Jumapili moja, siku tano kabla ya filamu kuonyeshwa kwa mara ya kwanza, alimketisha dada yake katika chumba chake cha kazi, stoo ambayo kuta zake alizipigilia magodoro ya zamani. Kila filamu alimwonyesha yeye kwanza. "Wewe hujasomea mambo haya," alisema, "kwa hiyo utaniambia kweli."

Mama Mizani alivaa hedifoni. Alisikiliza maneno ya yule mama aliyejificha chini ya magunia na kusikia amri ikitolewa, na akalia bila kujificha. Lakini nyuma ya maneno kulikuwa na kitu kingine. Kwii, kwii, kwii, ta. Ukimya kidogo. Kwii, kwii, kwii, ta.

Akavua hedifoni. "Kaka, huyu mama anakaa pale nyuma ya kiwanda cha sabuni?"

Kimya alisimamisha filamu. "Nani kakwambia?"

"Pampu."

"Pampu gani?"

"Ya maji, ya mkono. Mpini ulivunjika wakauchomelea chuma cha gari, sasa kila ukivutwa mara tatu unagonga. Mimi napima watoto pale kila mwezi, chini ya kibanda. Nyumba zinazopakana nayo hazizidi nne." Akaona uso wa kaka yake na kuongeza taratibu, "Si mimi tu ninayeijua, kaka. Mtaa mzima unaijua."

Kimya akavaa hedifoni mwenyewe, akarudisha filamu nyuma na kusikiliza. Mpiga picha asingeweza kufanya kosa lile, wala mwandishi. Lilihitaji mtu anayeupenda ukimya wa vyumba. "Nimeficha uso, nimeficha sauti," alisema, "halafu nimewachorea watu ramani ya kwake kwa mkono wangu mwenyewe."

Akampigia Bosi palepale na kuweka simu mezani ili dada yake asikie.

"Watu wamealikwa Ijumaa," alisema Bosi. "Nani atasikia pampu, Kimya?"

"Dada yangu kasikia."

"Dada yako ni mpima watoto."

"Na askari wale ndio wanaochota pale."

Halafu Bosi akasema, "Sawa. Ijumaa hakuna kitu. Nitaomba radhi mimi." Mama Mizani alimheshimu mwanamke yule tangu siku hiyo, na katika sala zake za jioni alimtaja kwa muda mrefu.

Kuiondoa pampu hakukuwezekana, kwa maana ilikuwa imeingia katikati ya maneno yenyewe tangu siku ya kunasa. Kimya alijaribu siku nne, akashindwa. Ikabaki njia moja, maneno yasomwe na mtu mwingine. Wakapeleka ombi kwa mama yule kupitia ofisi ya mahakama iliyolinda mashahidi, naye akajibu kwamba asome wanayemtaka, lakini sauti yake halisi asibaki nayo mtu. Irudi kwake. Alikuwa na mjukuu, na mtoto akikua alitaka amsikilizishe mwenyewe.

Aliyesoma ni Kimya. Alisema sauti ya mwanamume hakuna atakayekwenda kuifananisha na ya jirani yake. Mtu aliyewanyamazisha wengine maisha yake yote aliketi peke yake kati ya magodoro na kuyasoma maneno ya mama yule kwa sauti yake ya kawaida, bila madoido. Filamu ilitoka wiki tatu baadaye. Watu waliitazama, wakazungumza juu yake, na hakuna aliyegonga mlango wa mtu nyuma ya kiwanda cha sabuni.

Nakala zote za sauti halisi alizifuta mbele ya Bosi, akabakiza moja, kadi ndogo kama ukucha wa kidole gumba, ya kurudishwa. Hapo ikawa shida. Mahakama ilikuwa imemaliza kazi na ofisi ya mashahidi ikafungwa. Kimya alikwenda mwenyewe mara mbili. Mara zote mbili alikuta wanaume wakicheza drafti kando ya pampu, wakainua vichwa wote kumtazama mgeni, akapita kana kwamba amepotea njia. Kisha figo zikaanza kumsumbua, na safari zake zikawa za hospitali tu.

Wiki mbili kabla ya kufa aliitoa bahasha chini ya mto.

"Alhamisi ya tatu si zamu yako pale pampuni?"

"Ndiyo."

"Mpelekee. Wewe hakuna anayekuuliza umebeba nini."

"Ni nyumba gani?"

"Sikwambii. Na usimtafute kwa macho."

"Sasa nimpe nani, pampu?"

Kimya alicheka mpaka akakohoa, na wifi akachungulia kuwagombeza. Alipotulia akasema, "Omba dakika moja. Aliyekaa dakika ile na mimi ataijua. Ukifikisha, njoo uniambie."

Mama Mizani alimwahidi. Kwa hiyo mazishi yalipopangwa kuwa Ijumaa, na watu wakajaa nyumbani kwa wifi, yeye Alhamisi asubuhi alivaa koti lake jeupe na kuchukua mizani. Shangazi yao, dada wa baba, mzee wa miaka themanini na ulimi usiozeeka, alimkuta mlangoni.

"Unakwenda wapi?"

"Kazini, shangazi. Nitarudi mchana."

"Msiba uko ndani na dada mtu anakwenda kupima makalio ya watoto wa watu? Kazini hawana ruhusa?"

"Wamenipa. Nimeikataa."

"Ameikataa." Shangazi aliwageukia waliokaa mkekani. "Mmesikia? Mimi kaka yangu sikumpata hata wa kumzika. Huyu kampata wake, anamkimbia."

Maneno hayo yalimchoma Mama Mizani, na hakuweza kuyajibu bila kufichua siri ya mtu mwingine. Alisimama na mizani mkononi. Aliyemwokoa ni wifi, kutoka kwenye kiti cha mfiwa.

"Mwacheni aende, shangazi. Marehemu mwenyewe alitoroka ubatizo wa mwanawe kwenda kunasa sauti za vyura."

Mkekani watu walicheka, hata shangazi pembe ya mdomo ilimcheza. Wifi hakujua chochote juu ya bahasha. Alimtazama tu Mama Mizani kwa namna ya mtu anayesema, nakuamini, nenda urudi.

Chini ya kibanda kando ya pampu kulikuwa na kina mama kama ishirini na watano. Wanaume wa drafti walikuwa mahali pao. Mama Mizani alitundika mizani, akapanga kadi, halafu akageuka na kusimama mbele ya wote.

"Jamani, kabla hatujaanza. Kaka yangu amefariki juzi, kesho tunamzika. Alikuwa na mazoea yake ya kuwaomba watu dakika moja ya utulivu. Nami nawaomba hiyo kwa ajili yake. Hata kiti kisilie."

Akanyanyua kidole kimoja. Kina mama wakawafunika watoto vifuani. Msichana aliyekuwa akichota aliachia mpini. Kando, mmoja wa wanaume alikuwa ameinua kete, akabaki nayo mkononi, na wenzake nao wakainamisha vichwa. Maji yalidondoka kutoka bombani kwenye ndoo, tone, tone. Mama Mizani aliomba moyoni, si kwa maneno mengi. Kisha akashusha kidole, akasema, "Haya, wa kwanza," na kazi ikaanza.

Akapima mmoja, wa pili, wa tano, wa kumi na mbili. Kina mama walimpa pole, akaitikia. Hakumtazama yeyote kwa kumtafuta. Alianza kuogopa kwamba hakuja leo, au kwamba amehama, au amekufa, na kwamba ataingia makaburini kesho na mkoba uleule. Wa kumi na saba alikuwa bibi wa makamo aliyemleta mjukuu wa kike wa miaka miwili, mtoto mnene, mwenye hasira na mizani. Walipokuwa wakimvisha kaptula, vichwa vyao vikiwa karibu, bibi yule akasema kwa sauti ndogo ya kawaida, kama anayeulizia dawa ya minyoo, "Hukumalizia, mama. Yeye alishukuru kwa chumba."

Mshale ulicheza. Mama Mizani alisubiri utulie. Kilo kumi na mbili na nusu.

"Anakua vizuri," alisema. "Kadi yake imechakaa, bibi. Nitampa mpya."

Akachukua kadi mpya, ile yenye mfuko wa nailoni, akaandika kilo kumi na mbili na nusu, akatelezesha bahasha ndani nyuma ya karatasi. Bibi aliipokea kwa mikono miwili, akaibana kwapani.

"Ni yote?" aliuliza.

"Ndiyo hiyo peke yake. Nyingine hakuna popote."

Bibi alimnyanyua mjukuu wake. Akakaa hivyo kidogo, akimtengeneza mtoto kola isiyohitaji kutengenezwa. "Kesho sitakuja," alisema. "Unanielewa."

"Nakuelewa, dada yangu. Umeshakuja."

Alipofika nyumbani alasiri, shangazi alikuwa bado mkekani. Mama Mizani alikwenda moja kwa moja akapiga magoti mbele yake, akaweka kichwa mapajani mwake. Shangazi alimwekea mkono kichwani na kusema, "Umekula?" Naye akasema hajala, akaletewa chakula.

Walimzika Ijumaa saa nane mchana. Anga lilikuwa na mawingu na udongo ulikuwa mkavu. Mchungaji alisoma kwa ufupi, kwa sababu marehemu aliwahi kumwambia kwamba mahubiri yake mazuri yote yana urefu wa dakika kumi. Kwaya iliimba nyimbo mbili. Bosi alikuja na mpiga picha, na hakuna aliyeleta kamera. Jeneza liliposhushwa, shangazi alishikwa na watu wawili, akatupa udongo wa kwanza, akasema, "Huu ni wako na wa baba yako." Wifi akatupa wake. Mama Mizani akainama ukingoni, akaachia kiganja cha udongo, akasema polepole, "Imefika, kaka."

Kisha Bosi akanyanyua kidole kimoja, na wote waliomjua marehemu wakaelewa. Watu walisimama. Kulisikika majani ya uzio, nzi, na gari likipita mbali barabarani. Dakika ilipokwisha walitazamana, hakuna aliyejua nani aseme. Wifi ndiye aliyesema, "Ahsanteni kwa chumba," na wanaume wakashika majembe. Walifukia mpaka mwisho, wakasawazisha kwa migongo ya majembe, wakaweka mashada manne na msalaba wa mbao. Mchungaji akatoa baraka. Watu wakarudi nyumbani kwa miguu, shangazi akitembea katikati, Mama Mizani kulia kwake na wifi kushoto.